Akshen ya Nne

Achieng' mwanangu,

Sikuulizi hali yako kwa sababu nakusikia hapo nje chini ya dirisha, ukisukwa nywele na kumlalamikia msusi kwamba anakaza mno. Hali yangu mimi si nzuri. Tangu jana sijaweza kukutazama usoni. Sasa ni saa tisa mchana, nimejifungia chumbani, nimemwambia baba yako kwamba kichwa kinaniuma, naye amefurahi, maana mimi nikilala yeye hukaa na redio yake bila kuulizwa maswali. Barua hii nitakupa mkononi leo kabla ya chakula cha jioni. Usiifiche sandukuni ukaisome Nairobi. Kuna jambo unapaswa kuliamua kabla hujapanda gari kesho, na huwezi kuliamua bila kujua nilichofanya.

Mambo ya sweta, ya kutolala kwa watu usiowajua na ya kuandika ukifika, sitayagusa. Baba yako ameyapanga yote, atakumwagia kesho pale stendi, nawe utaitikia ndiyo baba, ndiyo baba, mpaka gari liondoke.

Jana ulinipa ile barua ya kazi niisome tena, ukasimama nyuma ya kiti changu ukichungulia. Neno moja limejaa humo kama mawe kwenye mchele: akshen. Utaandika kila akshen ya mwigizaji, ameshika kikombe kwa mkono gani, amevua kiatu kipi kwanza, ili ikirudiwa isibadilike. Utanyamaza kabisa dairekta anapoita akshen. Tamthilia yenyewe ni ya akshen. Na ukichelewa kazini, akshen itachukuliwa dhidi yako. Wewe ukacheka, ukasema, "Mama, hawa watu hawana neno lingine?" Mimi nikatoka nje nikatema mate.

Halafu ukanisimulia tena kile walichokuuliza kwenye usaili, kwa nini unaitaka kazi hii, na kwamba uliwasimulia habari ya ile kanda, ya mama mkubwa wako Min Okelo akilia mlangoni pake kule kisiwani Rusinga. Kwamba wewe uliiona ukiwa na miaka kumi na miwili, na tangu siku ile ukajua unachotaka maishani. Ukasema wale watu waliacha kuandika wakakusikiliza. Macho yako yalikuwa yanang'aa. Mimi nikasema, "Vizuri." Hilo "vizuri" ndilo lililonifungia chumbani leo.

Hukunijua vizuri enzi za ukumbi wa video, ulikuwa mdogo, na baba yako alikukataza kuingia. Ile nyumba ya mabati hapa Suna, nyuma ya kinu cha posho, ambayo leo ni ghala la mbegu. Tulikuwa na televisheni moja, deki moja, jenereta iliyokohoa kuliko mgonjwa, na mabenchi tuliyonunua kwa kanisa lililokuwa linabadilisha yake. Baba yako alikuwa mwenye mitambo. Mimi nilikuwa mdomo. Nilisimama kando ya televisheni na kueleza picha kwa Kiswahili, kwa sababu mle ndani walikaa Wajaluo, Wakuria wenzangu kutoka Isebania, madereva wa malori, na watu waliovuka mpaka kutoka Sirare, na hakuna aliyekuwa tayari kusikia lugha ya mwenzake. Kiingereza nilikijua cha kidato cha nne. Lakini nusu ya zile picha zilikuwa za Kichina, na Wachina wakibishana ningejuaje wanachogombania? Nilitunga.

Nilikuwa hodari, nisikufiche. Nilijifunza kutoitazama televisheni. Niliwatazama wao, wale wanaume kwenye mabenchi, na nikajua neno lipi litawaamsha na lipi litawachekesha. Kulikuwa na dereva mmoja mkubwa kama mlango ambaye nilimliza kwa kumwambia tu kwamba yule mzee anayepigwa anamwita mamake. Mzee hakuwa anamwita mamake. Sijui alikuwa anasema nini. Pengine alikuwa anaomba maji.

Na wao akshen waliijua kwa maana moja tu, kupigana. Picha ikianza na watu wawili wanazungumza mezani, kelele zilianza. "Mama, peleka mbele! Hawa wanaongea tu kama wako kortini. Weka akshen!" Walirusha magunzi. Kisha ngumi ya kwanza ikitua, ukumbi mzima ulishusha pumzi kama mtu aliyepewa maji. Meno yakiruka wanacheka. Mtu akichomwa kisu tumboni wanapiga makofi, wanaomba baba yako arudishe nyuma waone tena kisu kikiingia. Naye alirudisha. Jumapili moja jenereta ilikataa kuendesha deki ikabaki na televisheni tu, ikawa ni taarifa ya habari, na kiongozi mmoja akasema akshen kali itachukuliwa. Nikatafsiri hivyo hivyo. Wakamkodolea macho, wanangoja aondoke kwenye kiti ampige mtu. Alipokusanya karatasi zake tu, walizomea.

Siku hiyo nilicheka nikalia machozi. Leo nikikumbuka naona kinyaa, na si kwa ajili yao, maana walikuwa watu waliochoka wakitafuta pa kukaa. Nakiona kinyaa kile kimdomo changu kilichokuwa kinawalisha.

Sasa nikupeleke Rusinga. Umeniuliza mara ngapi kwa nini baba yako huenda kwao peke yake, na mimi nakujibu mara mgongo, mara mafua, mara nani atabaki na duka. Uliacha kuuliza ukiwa kidato cha pili. Nadhani ulidhani ni mambo ya ukabila, kwamba Mkuria hakupendwa huko. Hiyo si kweli hata kidogo, na nimekuacha uwafikirie watu wema vibaya kwa sababu ilinifaa.

Nilipoolewa sikujua Kidholuo hata cha kuomba chumvi. Baba yako naye Kikuria chake kiliishia kwenye salamu. Ndiyo maana nyumba hii inagombana kwa Kiswahili. Nilipelekwa Rusinga miezi saba nikae na watu wake, na aliyenipokea ni Min Okelo, mke wa ndugu mkubwa wa baba yako. Alikuwa mama wa mtoto mmoja tu, Okelo, ndiyo maana ya jina lake, na wakati huo mtoto bado anatambaa. Yule mwanamke alinifundisha lugha kitu kwa kitu. Alinishikisha sufuria akaitaja, akanishikisha maji, moto, samaki, kitovu cha mtoto. Nikikosea alicheka mpaka akaketi chini, kisha akanirudisha pale pale. Tuliitana nyieka, ndilo jina ambalo wake wa boma moja huitana. Neno hilo lina wivu ndani yake kwa watu wengi. Kwetu halikuwa nao. Kila neno la Kidholuo lililo mdomoni mwangu, Achieng', aliliweka yeye.

Okelo alikufa maji akiwa na miaka kumi na sita. Uliambiwa alianguka kutoka kwenye mashua wakivuta nyavu, na ni kweli. Kitu ambacho hukuambiwa ni kwamba alikuwa na homa asubuhi ile. Nilikuwa matangani, nimelala mkeka mmoja na nyieka, akaniambia sikioni akiwa amefunika uso kwa leso. Kijana alisema mwili unamuuma, mwache alale. Yeye alidhani ni uvivu. Alimvuta blanketi, akalikunja, akaliweka juu ya kabati asilifikie, akamwambia wenzako wako majini na wewe umelala kama mzazi wa jana. Okelo akainuka akaenda. Akaniambia, "Nyieka, hili nimekuambia wewe tu. Hata mume wangu hajui." Nikamwambia halitatoka. Nilimaanisha.

Wiki mbili baada ya mazishi wakaja watu wa picha. Walikuwa wanazunguka ziwa, Homa Bay, Mbita, visiwani, wanatengeneza filamu ya maisha ya wavuvi kwa televisheni ya kwao. Dairekta alikuwa mama wa Kizungu, mpole, mwenye sauti ya chini, anayekunja magoti ili azungumze na watoto. Ningependa kukuambia alikuwa mtu mbaya. Hakuwa. Msaidizi wake alikuwa mtu wa Nairobi anayeitwa Muli. Walimtafuta mtu wa kutafsiri, wakaambiwa kuna mwanamke wa Suna anayeeleza video. Nikachukuliwa na gari lao, nimekaa mbele, nimevaa lile gauni la kijani.

Ukisikia mtu anasema nilifanya kwa ajili ya pesa, usikubali. Ingekuwa pesa ningejielewa, shida ilikuwepo. Walinilipa kidogo, na sikuuliza. Ilikuwa sifa. Siku ya pili yule mama alisema mbele ya wote kwamba nina sauti, na kwamba huenda sauti yangu ndiyo itakayosimulia filamu nzima. Kuanzia hapo ningemtafsiria hata mbuzi.

Waliposikia habari ya buru walifurahi kupita kiasi. Wewe unajua, mwanamume akifa, hata kijana, wanaume hukimbiza ng'ombe kwa mikuki na kelele mpaka nyikani, kukifukuza kifo kitoke bomani, kisha wanarudi. Ya Okelo ilikuwa imeshafanyika. Dairekta akauliza kama inaweza kufanywa tena. Wazee wakasema hapana. Buru haifanywi mara mbili kwa mtu mmoja, ya pili inakuwa ya nani? Nikamtafsiria. Yeye akakubali, akafunga daftari lake. Ilikuwa imekwisha, mwanangu. Alikuwa amekubali.

Ni mimi niliyewarudia wale wazee. Niliwaambia, "Hii si buru. Hii ni akshen tu. Si mmewahi kuona video Mbita? Yule anayekufa picha hii si mnamwona tena picha ijayo, mzima, amenyoa ndevu?" Wakacheka kidogo. Nikawaambia kifo hakidanganyiki kwa kamera, hakiwezi kuja kwa sababu ya mchezo. Mimi kwetu Ukuria hatuna buru, na moyoni niliona ni ng'ombe tu wanasumbuliwa. Wazee wakatazamana. Mmoja, kwa lile jina lao la binti wa Ukuria, akasema, "Kama nyar Kuria anasema ni mchezo, basi ni mchezo, na jambo likitokea tutamwambia yeye." Wakaleta ng'ombe.

Muli akainua kile kibao chao cha kugonga kabla ya kupiga picha, dairekta akaita akshen, na mimi nikapaza sauti niliyoizoea ya ukumbini: "Akshen!" Mungu wangu. Vijana wa Rusinga walikuwa wameona video kuliko nilivyodhani. Walirusha mateke hewani. Mmoja alibiringika chini na mkuki, akainuka akipiga ukunga kama Mchina. Mwingine akajifanya amechomwa, akafa taratibu sana mbele ya kamera akiwa ameshika ubavu. Ng'ombe walisimama wakashangaa. Yule mama wa Kizungu akashika kichwa. Muli akaja kwangu anakimbia. "Mama, waambie Madam anataka ekshen, si hii akshen yenu ya video. Anataka tu wafanye vile wao hufanya."

"Ndiyo hiyo," nikamwambia. "Wewe umeita akshen, wamekupa akshen."

"Sasa ekshen utawaambia ni nini?"

Nilitafuta neno kwa Kidholuo nikakosa. Kitendo? Anza? Fanya? Nikawaambia mwishowe, fanyeni kama vile Okelo amekufa leo. Na wakafanya. Wale vijana walikuwa wamecheza naye mpira. Vicheko vilikatika, wakakimbia kweli, na wengine walirudi wanalia, wakaenda kukaa mbali na sisi. Dairekta akasema ni nzuri sana. Hapo ndipo nilipaswa kuona nimefika wapi. Sikuona. Nilifurahi kwamba nimelipata neno.

Sasa walitaka mama wa marehemu atoke mlangoni, awaone ng'ombe wakirudi, alie. Nikaenda kumwomba mimi. Nyieka akaniuliza kwa nini. Nikamwambia watu wa mbali wamjue Okelo. Akasema, "Kama ni wewe unasema." Akafunga leso upya akasimama ndani ya mlango.

Akshen ya kwanza alitoka akalia, na ilikuwa kilio chenyewe. Kuku akapita mbele ya kamera. Ya pili akalia, sauti imekauka kidogo. Kanda ikaisha katikati. Ya tatu alitoka, akafungua mdomo, akalia kwa kujilazimisha, na ilisikika. Dairekta akamshukuru kwa heshima, akampa maji kwa mkono wake mwenyewe. Ya nne ikawa haina kitu. Nyieka alisimama mlangoni na macho makavu, mikono imelegea, anatazama ng'ombe kama mtu anayengoja zamu yake zahanati. Kamera ilikuwa inaendelea kunasa. Dairekta akanigeukia akasema kwa sauti ya chini, kwa huruma kabisa, je, naweza kumsaidia? Muli akaongeza, "Mama, msaidie kidogo. Mkumbushe kitu."

Kumsaidia. Nimelitafuna neno hilo miaka saba na bado lina ladha ya nyama iliyooza.

Nilikuwa nimesimama kushoto kwake, hatua tatu. Nilimtazama usoni kama nilivyowatazama wale wa mabenchi, nikajua neno lake ni lipi. Sikusita. Ningependa kukuandikia kwamba nilisita. Nikamwambia kwa Kidholuo, polepole, kwa sauti ile nzuri waliyonisifia, "Nyieka, nani alimvuta blanketi?"

Alinigeukia. Kisha uso wake ukavunjika, na akashuka chini pale kizingitini akatoa sauti ambayo umeisikia mara nyingi kuliko mimi. Hakuna mwingine aliyeelewa. Wazungu hawakijui Kidholuo, Muli ni Mkamba, na wanaume walikuwa mbali na ng'ombe. Walipozima kamera dairekta alikuwa na machozi. Alinikumbatia. Alinukia sabuni nzuri. Akaniambia hajui nilisema nini lakini nina kipaji.

Nyieka aliinuka mwenyewe. Alipangusa uso, akakung'uta leso yake vumbi, akanijia mpaka karibu. Tangu nimjue hakuwahi kunisemesha Kiswahili. Kiswahili chake ni cha kuuzia samaki na kumjibu chifu. Akaniambia, "Asante, mama," kama vile unavyomwambia mtu usiyemjua aliyekupisha njia. Akaingia ndani. Mimi nikarudi garini nikakaa kiti cha mbele.

Hayo ndiyo niliyofanya. Baba yako anajua nusu. Anajua niliwashawishi wazee warudie buru, na anadhani ndicho walichonikasirikia. Sijamrekebisha. Amekuwa akinitetea kwao kwa kosa dogo, mimi nimekaa nyuma ya kosa kubwa.

Kanda ilipoletwa mwaka uliofuata, baba yako alisisitiza tuionyeshe ukumbini, na safari hii akakuruhusu uingie. Unakumbuka. Hakukuwa na gunzi lililorushwa. Alipotoka mlangoni, mmoja wa wale wanaume akasema taratibu, "Huyu ni akta kweli." Nawe ukasimama juu ya benchi ukasema, "Si akta, ni mama mkubwa wangu." Wakakupigia makofi. Mimi nilikuwa kando ya televisheni, sina la kueleza. Sauti ya kusimulia ilikuwa ya mwanamume wa kwao. Na pale niliposema lile neno palikuwa kimya. Walikata sauti yangu, wakabakiza uso. Ukitazama utaona anageuka kidogo kushoto kwake, kama mtu aliyeitwa, halafu ndiyo analia. Umeniambia zaidi ya mara moja kwamba unaipenda hiyo sehemu, anavyogeuka. Kwamba inaonekana amemkumbuka mwanawe ghafla.

Sasa unakwenda kufanya kazi ya kuandika kila kinachotendwa mbele ya kamera. Huko hawatakuwa watu wabaya. Watakuwa wapole, watagawa maji, watasema asante. Siku moja mtu atakugeukia wewe kwa sababu unajua lugha ya huyo anayepigwa picha, au kwa sababu anakuamini, na atakuambia umsaidie. Mimi sikuwa nimelazimishwa na mtu. Ningesema amechoka, mwacheni, na wangemwacha, ninavyomjua yule mama. Ilikuwa ni kufungua mdomo tu, na kufungua mdomo ndiyo ilikuwa kazi yangu.

Jumatano ya wiki iliyopita sikwenda Homa Bay kwa daktari wa meno. Nilipita Homa Bay moja kwa moja hadi Mbita, nikavuka tuta la kuingilia kisiwani nikaenda kwake. Nilimkuta anaanika omena. Amezeeka kunizidi ingawa tumepishana miaka mitatu. Hakunifukuza. Alinipa kigoda, akaendelea kutandaza samaki kwa mkono.

"Karibu, mama," akasema. Kwa Kiswahili. Nikamjibu kwa Kidholuo, naye akaendelea na Kiswahili chake, nikalazimika kumfuata huko.

Nilimwambia nimekuja kwa sababu yako, kwamba unakwenda kufanya kazi na watu wa picha, na ni kwa ajili ya ile kanda. Alitandaza samaki muda mrefu.

"Ile kilio yangu bado iko ndani?"

"Bado iko."

"Watu wakiweka, mimi nalia?"

"Unalia."

"Hata leo?"

"Wakiiweka leo, unalia."

"Na wewe uko wapi?"

"Sionekani."

"Na ile maneno ulisema?"

"Walikata."

Akasimamisha mkono. Alinitazama kwa mara ya kwanza tangu nifike. "Kwa hivyo huko ndani ni mimi tu," akasema.

Nilipiga magoti pale kwenye omena, nikamwomba msamaha. Sitakusimulia nilivyolia, kwa sababu nilipokuwa nalia nilijisikia nalia vizuri, na nikanyamaza kwa aibu. Yeye alingoja nimalize. Kisha akauliza, "Huyo mtoto anafikiri nililia kwa nini?"

"Kwa ajili ya Okelo."

"Mwambie. Hata ya blanketi, mwambie. Mimi nimechoka kuweka hiyo peke yangu. Lakini mwambie yote, usipeleke mbele pale ni pabaya."

Nikasema nitakuambia. Ndiyo unayosoma.

Akaniambia jambo moja zaidi nikiwa tayari nimesimama. "Akishajua, apitie hapa kabla hajaenda. Nitampikia. Alale kwangu siku moja, nimwambie Okelo alikuwa nani, si vile alikufa. Asikuje na kamera." Nikamuuliza, na kama hatapita? Akarudi kwa samaki wake. "Basi ameenda kazi," akasema.

Kesho ni Ijumaa na kazini unatakiwa Jumatatu. Baba yako amekuwekea kiti kwenye basi la asubuhi linalopitia Kisii. Unaweza kushuka Rongo ukachukua gari la Homa Bay, kisha Mbita, ukafika Rusinga kabla ya jioni, na Jumapili kuna basi la kwenda Nairobi kutoka huko huko. Ukiamua hivyo, baba yako nitamweleza mimi, na nitamweleza yote. Ukiamua kwenda moja kwa moja, nitaelewa. Ukiamua kutonisemesha leo mezani, pia nitaelewa, na sitakuita.

Mimi nyieka hakuniambia nije nawe. Nilingoja aseme, nikafunga kiatu polepole ili apate nafasi, hakusema. Kwa hivyo nitakusindikiza mpaka stendi, nikupe mzigo wako dirishani, nirudi nyumbani.

Mamako,
Bhoke